Wasomaji Wauliza: Je, Mtoto Anaweza Kupewa Kazi ya Mzazi Aliyefariki Akiwa Mtumishi wa Serikali?

SWALI: Kwako Mshauri, pokea salamu zangu. Mimi ni binti wa miaka 26 na ninaishi Kayole, hapa Nairobi, pamoja na mama yangu na wadogo zangu wawili ambao bado wako shuleni. Baba yetu alikuwa karani katika wizara moja ya serikali kwa zaidi ya miaka 20, na aliaga dunia mwaka uliopita akiwa na umri wa miaka 56, baada ya kuugua kwa muda mfupi. Tangu tumzike mshahara ulikatika, na sasa tunategemea cherehani ya mama pamoja na kibarua changu katika duka la kupiga chapa na kutoa nakala. Nina diploma ya utunzaji wa kumbukumbu, lakini nimetembea na bahasha ya kaki kwa miaka mitatu bila kuitwa popote. Mwezi uliopita bwana mmoja, ambaye alisema alifanya kazi na baba, alitujia nyumbani akatueleza kwamba nafasi ya marehemu bado iko wazi na kwamba upo utaratibu wa kumwingiza mtoto mmoja mahali pa mzazi wake, mradi tutoe shilingi 80,000 za kulisukuma faili. Mama ameanza kutafuta mtu wa kununua cherehani. Nimesoma pia kwenye intaneti kwamba nchini India jambo hili lipo kabisa na lina kanuni zake. Naomba unieleze kama na sisi Kenya tuna sheria hiyo, na kama ipo, niandike barua kwa nani? Ni mimi, Binti wa Kayole.

JIBU: Mwanangu, poleni sana wewe, mama na wadogo zako. Barua yako imenikalia moyoni tangu nilipoisoma, na kabla sijaingia katika sheria ninakuomba umwambie mama leo hii kwamba cherehani isiuzwe. Huyo bwana hana nafasi ya kuwapa. Hata kama kweli alifanya kazi na baba yenu, na hata kama faili la baba liko mezani pake, hana uwezo wa kukuingiza kazini, wala katibu wa wizara hana uwezo huo kwa sababu tu wewe ni mtoto wa marehemu.

Hapa Kenya hakuna sheria inayompa mtoto, mjane au ndugu wa mtumishi wa serikali aliyefariki haki ya kuajiriwa mahali pake. Kifungu cha 232 cha Katiba ya 2010 kinaagiza kwamba uteuzi na upandishaji vyeo katika utumishi wa umma vifuate ushindani wa haki na ustahili, na kwamba pamoja na hayo jamii mbalimbali za nchi, wanawake na wanaume, na watu wenye ulemavu wapewe nafasi ya kutosha. Kifungu cha 27 nacho kinakataza kumbagua mtu kwa sababu ya kuzaliwa kwake, maana yake ni kwamba serikali haiwezi kumnyima mtu kazi kwa kuwa si mtoto wa fulani, na kwa hiyo haiwezi kumpa mwingine kazi hiyo hiyo kwa kuwa ni mtoto wa fulani. Mwenye mamlaka ya kuajiri ni Tume ya Utumishi wa Umma, na hata pale Tume inapokasimu kazi hiyo kwa wizara kwa ajili ya vyeo vya chini, wizara inafungwa na masharti yale yale. Nafasi iliyoachwa na baba hurudi serikalini, na ikiwa kuna fedha za kuijaza basi hutangazwa ili kila anayestahili aombe.

Shilingi 80,000 alizoziomba ni hongo, haidhuru ameipa jina gani, na Sheria ya Hongo ya 2016 inamshika anayetoa sawasawa na anayepokea: kifungo kisichozidi miaka 10, au faini isiyozidi shilingi milioni 5, au vyote viwili. Sikutishi, mwanangu. Nakueleza kwa sababu watu wa aina yake huja wakati familia imechoka na kilio, nao hutegemea kwamba mkisha kutoa pesa mtaogopa kushtaki kwa kuwa na nyinyi mtakuwa mmetenda kosa. Kama bado hamjampa chochote, mko salama kabisa kwenda katika Tume ya Maadili na Kupambana na Ufisadi na kueleza alichosema, siku aliyokuja na nambari ya simu aliyotumia.

Kuhusu India, ulichosoma ni kweli, lakini huenda hukusimuliwa chote. Serikali kuu ya India ina utaratibu wa kumwajiri mtu mmoja wa familia ya mtumishi aliyefariki akiwa kazini, na mwezi wa Oktoba 1998 maagizo yake yalikusanywa pamoja katika waraka mmoja. Utaratibu huo unahusu vyeo vya chini tu, na nafasi zinazoweza kutolewa kwa njia hiyo hazizidi asilimia 5 ya zile zinazojazwa kwa kuajiri moja kwa moja katika ngazi hizo. Kwa hiyo familia ni nyingi na nafasi ni chache, na kamati hukaa kupima hali ya kila nyumba: ina madeni gani, ina watoto wangapi wadogo, ina shamba au hapana, imepata malipo gani ya marehemu. Tena mwaka 1994 Mahakama ya Juu ya India, katika kesi ya Umesh Kumar Nagpal dhidi ya jimbo la Haryana, ilieleza wazi kwamba lengo la utaratibu huo ni kuiokoa familia katika dhiki ya ghafla tu, na si kuipa cheo, sembuse cheo alichokuwa nacho marehemu. Katiba yao pia inakataza ubaguzi wa nasaba katika ajira ya serikali, ndiyo maana mahakama zao zimekuwa zikiubana mlango huo usije ukageuka urithi. Hata huko, basi, mtoto hairithi kazi ya baba yake. Anaomba kuhurumiwa, na anaweza kukataliwa.

Wasomaji wengine wameniuliza siku za nyuma kwa nini na sisi tusiwe na mlango mdogo kama huo, na sitaki kulikwepa swali hilo kwa kutaja vifungu pekee. Nilifanya kazi miaka mingi katika ofisi ya wafanyakazi ya idara moja ya serikali, na nakumbuka enzi ambazo mtoto wa marehemu angeweza kuchukuliwa kuwa tarishi au mfagizi bila tangazo lolote, kwa kuwa mkubwa wa ofisi aliona huruma. Ilikuwa huruma ya kweli. Lakini aliyehurumiwa alikuwa yule ambaye mkubwa alimfahamu, na mara nyingi alikuwa mtu wa kwao. Mjane aliyetoka mbali, asiyejua hata mlango wa kugonga, alirudi nyumbani mikono mitupu. Leo Sheria ya Utangamano na Uwiano wa Kitaifa ya 2008 inazuia ofisi ya umma kuwa na zaidi ya theluthi moja ya wafanyakazi wake kutoka jamii moja, na kwa upande wa kaunti sheria inataka angalau asilimia 30 ya nafasi za ngazi ya kuingilia zijazwe na watu wasiotoka katika jamii kubwa ya kaunti hiyo. Ofisi nyingi bado hazijafika hapo. Tukiruhusu kila kiti kimfuate mtoto wa aliyekikalia, basi orodha ya wafanyakazi ya miaka 30 iliyopita, pamoja na upendeleo wake wote, itajinakili tena katika kizazi kijacho, na kijana wa Turkana au wa Tana River ambaye baba yake hakuwahi kuajiriwa hatapata pa kupenyea. Kwa sababu hiyo mimi nauunga mkono msimamo wa Katiba yetu, ingawa najua ni mgumu kumeza kwa nyumba iliyofiwa.

Hata hivyo kuna jambo ambalo limeniumiza kwa miaka yote niliyokaa katika kazi hiyo, nalo ndilo ninalotaka ulibebe kutoka katika barua hii. Familia nyingi zinazokuja kuomba kazi ya marehemu zinaomba kazi kwa sababu hazijapewa fedha za marehemu. Nakumbuka mama mmoja ambaye mume wake alikuwa fundi katika idara yetu. Alikuja ofisini kwa zaidi ya mwaka mmoja, kila mara akiwa amebeba hati ya mwisho ya mshahara wa mumewe, ameikunja mara nne na kuitia ndani ya mfuko wa plastiki wa mkate ili isilowe mvua. Kila mara aliomba kitu kimoja, kwamba kijana wake achukuliwe. Kila mara alijibiwa kwamba hakuna nafasi, na mimi mwenyewe nilimjibu hivyo mara mbili. Siku moja nilimwomba akae, nikaenda masijala kulitoa faili la mumewe, lile la kadibodi ya rangi ya kahawia lililofungwa kwa uzi. Karatasi ya juu kabisa ilikuwa taarifa ya kifo. Chini yake hapakuwa na barua hata moja ya kuanzisha malipo. Fomu ya kutaja warithi ilikuwa ya miaka mingi nyuma, kabla hajaoa, na jina pekee lililoandikwa lilikuwa la mama yake mzazi, ambaye naye alikuwa amekwisha kufariki. Kwa muda wote ule mjane yule alikuwa akiomba hisani huku haki yake ikiwa imelala katika rafu umbali wa hatua 20 kutoka pale alipokuwa amesimama, na hakuna aliyefungua kinywa kumwambia.

Kwa hiyo, Binti wa Kayole, barua ya kuandika ipo, ila si ya kuomba kazi. Mama yako, akiwa mjane, amwandikie katibu wa wizara aliyofanyia kazi baba, kupitia kwa mkuu wa ofisi ya wafanyakazi, akitaja jina kamili la marehemu, nambari yake ya utumishi ambayo imeandikwa juu ya hati ya mshahara, tarehe ya kifo, na aombe kuelezwa kwa maandishi ni malipo gani yanayostahili na yamefika wapi. Apeleke nakala mbili. Moja aiache, na nyingine arudi nayo ikiwa imepigwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Ukisikia watu wakisema faili limepotea, mara nyingi anayeumia ni yule asiye na muhuri huo mkononi.

Sasa nikueleze anachopaswa kutarajia. Kwanza ni mshahara wa siku alizofanya kazi hadi kifo pamoja na stahili nyingine alizokuwa akidai. Sheria ya Ajira ya 2007 inasema malipo hayo yatolewe kwa mwakilishi wa kisheria wa marehemu ndani ya siku 30 baada ya kuthibitisha kwamba yeye ndiye mwakilishi. Pili, na hapa ndipo penye uzito, ni malipo ya uzeeni. Kwa kuwa baba alikuwa na umri wa miaka 56, bila shaka alikuwa amevuka miaka 45 wakati mfumo mpya wa pensheni ya michango ulipoanza Januari 2021, na watumishi wa umri huo walibaki katika mfumo wa zamani isipokuwa waliochagua wenyewe kuhama. Katika mfumo huo wa zamani, unaosimamiwa na Sheria ya Pensheni, Sura ya 189, familia ya mtumishi wa kudumu aliyefariki akiwa kazini hulipwa kiinua mgongo cha kifo kwa mkupuo, na juu yake hulipwa pensheni ya wategemezi kila mwezi kwa muda wa miaka 5. Tatu, tazameni hati za mshahara za baba kama zilikuwa na makato ya asilimia 2 ya mfuko wa wajane na watoto. Kama yapo, hayo ni madai mengine kando, na msikubali kuambiwa kwamba yamemezwa na yale ya kwanza. Nne, ulizeni katika barua hiyo hiyo kama marehemu alikuwa chini ya bima ya pamoja ya maisha na ya gharama za mazishi. Na tano, kama alikuwa mwanachama wa chama cha akiba na mikopo, akiba yake ni ya aliyemtaja, na vyama vingi huikatia mikopo bima, kwa hiyo msianze kulipa deni lake kabla ya kuuliza.

Wizara ndiyo inayoandaa faili la madai na kulipeleka katika Idara ya Pensheni ya Hazina ya Taifa, ambayo iko Bima House, barabara ya Harambee. Nyinyi mtatakiwa kuwa na cheti cha kifo, na nasisitiza cheti, kwa sababu wengi hubaki na kibali cha mazishi wakidhani ndicho. Mtatakiwa pia kuwa na vitambulisho, cheti cha ndoa au hati ya kiapo kama ndoa ilikuwa ya kimila, vyeti vya kuzaliwa vya watoto, barua ya chifu inayowataja warithi wote bila kumficha yeyote, na akaunti ya benki ya mama. Mnaweza kutakiwa pia kuleta barua za usimamizi wa mirathi kutoka mahakamani. Hizo huchukua muda, kwa kuwa ombi hutangazwa katika Gazeti Rasmi la serikali na watu hupewa siku 30 za kupinga, na uthibitisho wa mgawanyo kwa kawaida husubiri miezi 6 baada ya barua hizo kutolewa. Anzeni mapema. Kama mirathi ni ndogo na hamna uwezo wa wakili, mwendeeni Mdhamini wa Umma, ambaye sheria imemweka hasa kwa ajili ya familia kama yenu.

Wizara ikinyamaza, msiende kupiga magoti. Sheria ya Kupata Habari ya 2016 inampa raia haki ya kuomba taarifa iliyoko katika ofisi ya umma, na ofisi hiyo inapaswa kuamua ndani ya siku 21. Mama aandike barua ya pili akitaja sheria hiyo, na akikosa jibu apeleke malalamiko kwa Tume ya Haki ya Utawala, ambayo wengi wanaijua kwa jina la Ombudsman. Huduma hiyo hailipiwi.

Kuhusu kazi yako wewe: diploma yako ya utunzaji wa kumbukumbu ni ya maana, kwa kuwa masijala za serikali zinahitaji watu waliosomea jambo hilo, nami nimekwisha kukueleza yanayotokea faili likikaa mikononi mwa asiyejali. Fuatilia matangazo ya Tume ya Utumishi wa Umma na ya bodi za kaunti, ambayo hayatozwi ada yoyote. Usiandike katika ombi lako kwamba unaomba nafasi ya baba. Matangazo mengi huonya kwamba anayetafuta kupendelewa ataondolewa, na msomaji wa ombi asiye na subira anaweza kulichukua hivyo. Andika ulichosoma, andika kibarua unachokifanya sasa, maana kupanga na kutoa nakala za nyaraka za watu kila siku ni uzoefu, na usiuonee haya.

SWALI: Mshauri, mimi ni mjane na ninaishi Mwiki. Mume wangu alikuwa dereva wa lori la taka la kaunti moja jirani na Nairobi, na miezi 8 iliyopita lori hilo lilipinduka akiwa kazini akafariki papo hapo. Shemeji yangu, ambaye pia ni dereva, anasema nafasi hiyo ni ya ukoo na anataka nitie sahihi barua ya kumpisha achukuliwe yeye. Wakubwa wa kazini walichangia mazishi na tangu hapo sijasikia neno. Je, nitie sahihi?

JIBU: Dada yangu, pole sana, na usitie sahihi karatasi yoyote kwa sasa. Nafasi ya udereva si ya ukoo wala si yako. Ni ya kaunti, na atakayeajiriwa ni yule atakayepitishwa na Bodi ya Utumishi wa Umma ya kaunti hiyo baada ya kutangazwa. Shemeji yako ana haki ya kuomba kama dereva mwingine yeyote, na kwa hilo hahitaji sahihi yako. Ninachohofia ni kwamba barua anayotaka uitie sahihi inaweza kuwa na mstari unaosema umeridhika na huna madai mengine.

Kwako wewe suala la kazi ni dogo mno ukilinganisha na lile ambalo hukulitaja. Mume wako alifariki kutokana na ajali akiwa kazini, na Sheria ya Fidia ya Majeraha Kazini ya 2007 inawapa wategemezi wake fidia ya mapato ya miezi 96. Kama alikuwa akilipwa shilingi 30,000 kwa mwezi, hiyo ni shilingi 2,880,000, na hailipwi kutoka katika pensheni yake. Mwajiri alipaswa kutoa taarifa ya kifo hicho kwa Mkurugenzi wa Usalama na Afya Kazini ndani ya saa 24. Madai yenyewe yanatakiwa yawasilishwe ndani ya miezi 12 tangu siku ya kifo. Wewe umebakiwa na miezi 4.

Wiki hii, si mwezi ujao, nenda katika ofisi ya usalama na afya kazini iliyo karibu nawe, ukiwa na cheti cha kifo, taarifa ya polisi kuhusu ajali, hati yake ya mshahara na vyeti vya kuzaliwa vya watoto, uulize kama taarifa ya ajali ilipokelewa kutoka kwa mwajiri. Kama haikupokelewa, iandikishe mwenyewe na uombe msaada wa kujaza madai. Mchango wa mazishi uliopewa na wakubwa wake ulikuwa wa upendo, nao hauondoi wala haupunguzi fidia hiyo hata kwa senti moja. Tafadhali niandikie tena ukishafika huko, nijue ulivyopokelewa.

SWALI: Mimi ni mtumishi wa serikali mwenye miaka 38, nina mke na watoto watatu, na wiki iliyopita tulimzika mwenzetu wa ofisini. Nimeona mkewe akihangaika. Nifanye nini nikiwa hai ili wangu wasipatwe na hayo?

JIBU: Ndugu yangu, kwa umri wako uko katika mfumo wa michango ulioanza 2021, ambao wewe huchangia asilimia 7.5 ya mshahara na serikali asilimia 15, na sheria yake inataka uwe na bima ya maisha isiyopungua mara 5 ya mshahara wako wa mwaka. Fedha hizo hulipwa kwa uliyemtaja katika fomu ya warithi, na usipomtaja mtu wadhamini wa mfuko ndio watakaoamua ni nani anayekutegemea na kwa kiasi gani. Nenda uombe kuiona fomu yako. Usiulize kama ipo. Omba uishike mkononi na uisome. Kama uliijaza ulipoajiriwa, huenda watoto wawili kati ya hao watatu hawamo. Kama ndoa yenu ni ya kimila na hamjaiandikisha, iandikisheni, kwa kuwa Sheria ya Ndoa ya 2014 inaitambua na kutaka iandikishwe. Watoto wote wawe na vyeti vya kuzaliwa.

Kisha jaza fomu mpya katika nakala mbili, na mkeo ajue nambari yako ya utumishi, jina la chama chako cha akiba na jina la afisa wa kumwendea. Nakala moja iingie katika faili mbele ya macho yako, na nyingine ipigwe muhuri wenye tarehe. Ipeleke nyumbani jioni hiyo hiyo, na umwonyeshe mkeo mahali unapoiweka.